Gari Lisilo na Ekzosi

Otília Bzdochová hapiti karibu na gari lolote bila kwanza kujishika kiunoni. Wageni hudhani mgongo unamsumbua. Mgongo wake ni mzima. Anafunika kifungo cha sketi kisije kikakwaruza rangi.

Ni ugonjwa wa kazi. Amezeekea katika kiwanda cha magari nje ya mji wa Nitra, mwisho kabisa wa mstari wa kuundia magari, pale gari linapokuwa limeshakamilika na bado halijapata mwenyewe. Pale hakuna kuvaa saa, wala mkanda wa chuma, wala pete, hata ya ndoa. Mfanyakazi akijikata shavu hupewa plasta. Gari likipata mkwaruzo, mabosi hukimbia kama mtu kazimia. Kazi ya Otília ni kupapasa. Hupitisha kiganja juu ya mlango, taratibu, macho kayafumba, na bati likiwa na wimbi dogo ambalo jicho halilioni, kiganja hulisikia. Hapo hubandika utepe wa njano. Magari yenyewe ni makubwa kama zizi, yanakwenda ng'ambo kwa watu wasiojua kama Slovakia ni nchi au ni dawa ya kikohozi. Otília amepapasa maelfu. Hajakalia hata moja. Huinama tu ndani kukagua, makalio yakibaki nje.

Kijijini kwao Slivkovce, nusu ya watu wanaunda magari na nusu iliyobaki wanaunda vipande vyake. Televisheni haichoki kusema kwamba hakuna nchi duniani inayotengeneza magari mengi kwa kila kichwa kama Slovakia. Vichwa vyenyewe, ukivitazama barabarani, vimo ndani ya magari yaliyowachosha Wajerumani. Kila uani pana moja. Na kila muuzaji ameapa kwamba mwenye gari alikuwa bibi kizee wa Kijerumani, aliyelitoa nje Jumapili tu kwenda kanisani. Mita zinakubaliana naye, maana zimesharudishwa nyuma. Kama viapo hivyo ni vya kweli, basi Ujerumani imejaa vibikizee watakatifu na Papa ahamie huko.

Mumewe, Vendel, naye alikuwa na gari la bibi kizee. Kutu ilikuwa imelila mpaka kuku walikataa kulala chini yake. Lakini Vendel alilipenda kwa sababu moja: lilikuwa na ekzosi aliyoikunja kwa mikono yake. Tangu ana nywele mpaka zilipokwisha, alikunja mabomba ya moshi katika karakana iliyouzia viwanda vya magari. Halafu yakaja magari ya umeme, yasiyo na moshi, na gari lisilo na moshi halihitaji bomba. Karakana ikafunga upande mmoja. Vendel akapewa mkono na saa ya ukutani, ili aone vizuri jinsi muda unavyokataa kwenda.

Wiki zilezile binti yao wa pekee, Slávka, alipata kazi Nitra. Kazi gani? Kuuza magari ya umeme ya Kichina.

Siku ya Pasaka, hata paja la nguruwe halijakatwa, Vendel alianza.

"Gari lisilo na ekzosi! Hata kuku ana pa kutolea."

"Baba, tuko mezani."

"Ndiyo, tuko mezani. Mimi nakula pensheni ya mapema na wewe unakula mkate wa walioniletea pensheni."

"Kwa hiyo mimi ndiye niliyekufukuza kazi?"

"Nimesema hivyo? Oti, nimesema hivyo?"

Otília alikuwa ameshika kisu, hakujua akate nyama au akate mazungumzo. Slávka alivaa koti lake akaondoka. Tangu siku ile hakukanyaga nyumbani Jumapili.

Hilo ndilo lililomkosesha Otília usingizi. Kiwandani walinong'ona kwamba zamu ya usiku itafutwa, na hilo pia lilimtia hofu, lakini zamu ikifutwa mtu hurudi nyumbani. Nyumbani kwenyewe kukiwa hakuna mtoto, utarudi kwa nani? Aliwaona tayari, yeye na Vendel, wamekaa bega kwa bega wakiitazama ile saa. Kila Jumapili aliendelea kupika supu ya kuku na tambi kama ya watu watatu, kisha akashuka na simu katika ghala la viazi chini ya nyumba, kumnong'onezea binti yake kati ya magunia.

"Umekula?"

"Nimekula, mama."

"Umekula nini?"

"Mama, mimi ni mtu mzima."

"Watu wazima ndio wanaokufa njaa. Mtoto hulia."

Na ni hapo gizani, viazi vikiwa mashahidi, alipopanga njama yake. Siku ya kubarikiwa magari ilikuwa inakaribia, Jumapili ile ya Julai ya Mtakatifu Kristofori, ambaye ni msimamizi wa madereva ingawa yeye mwenyewe alivuka mto kwa miguu. Mbele ya kanisa, mbele ya Padre, Vendel hataweza kufoka. "Njoo," Otília alimwambia binti yake. "Ujifanye umekutana naye kwa bahati."

Siku ilipofika, baada ya misa, magari yalipangwa mstari kutoka mlango wa kanisa hadi nyumba ya zimamoto. Magari ya vibikizee tu, kutu na viraka vya bati. Padre Metod akatoka na ndoo ya maji ya baraka na ufagio wa nyasi, maana kile kinyunyizio cha fedha hakitoshi paa za magari ya siku hizi. La kwake alilianza na kulirudia, ni jipya na la mkopo.

Ndipo likaja gari la rangi ya bluu, pasipo mlio wowote, likasimama nyuma ya gari la Vendel. Ajuza mmoja alipiga ishara ya msalaba. Alidhani limesukumwa na roho.

Slávka akateremka. "Tumsifu Yesu Kristo, baba."

Vendel alimtazama mkewe. Mkewe akatazama mnara wa kanisa kwa bidii, kama mtu anayetaka kuununua.

"Bahati gani hii," akasema Otília.

"Bahati," akasema Vendel. "Nasikia harufu ya viazi."

Hakufoka, kweli. Alifanya vibaya zaidi: alizunguka nyuma ya gari la bluu, akainama, akalitazama pale chini kwa muda mrefu, jinsi mganga wa mifugo anavyomtazama ng'ombe. Watu wakaanza kusogea. Jirani yao Gejza, ambaye hakosi mazishi wala ugomvi, alifika kwanza.

"Umeona nini, Vendel?"

"Sijaona kitu. Ndiyo shida yake."

Kicheko kikapita mstari mzima. Slávka akawa mwekundu mpaka masikioni.

"Baba, huyo mama hapo hupapasa magari kuanzia Jumatatu hadi Ijumaa. Muulize yeye. Muulize kama limetengenezwa vibaya."

"Haya!" Vendel alikamata papo hapo, kama samaki aliyeingojea ndoano. "Mbele ya watu. Mama yako akisema ni zima, nalipanda mpaka nyumbani na supu nakunywa na wewe. Akikuta kasoro, kesho unawarudishia Wachina funguo zao."

"Nakubali. Lakini asidanganye."

"Mama yako hajui kudanganya juu ya gari. Uongo wote huniwekea mimi."

Hakuna aliyemuuliza Otília kama naye amekubali. Alivua pete, akampa Vendel aishike, akageuza kifungo cha sketi ubavuni. Watu wakampisha. Hata Padre Metod alisimama, ufagio ukimdondoshea maji viatuni.

Akafumba macho. Boneti, laini. Mlango wa mbele, laini. Moyo wake ukaanza kuimba. Akapita nguzo ya kati ya milango, akafika mlango wa nyuma wa kushoto, na pale, chini ya kitasa, kiganja kikasikia: wimbi. Dogo. Kama mtu aliyemeza mate chini ya bati.

Akalirudia. Lipo.

Akisema lipo, mtoto anapoteza kazi, au anavunja ahadi mbele ya kijiji na hatarudi tena. Akisema halipo, atakuwa amesema uongo kwa kiganja, na kiganja ndicho kitu pekee alichonacho ambacho hakuna aliyewahi kukibishia. Alisimama pale na mkono juu ya bati, akasikia kijiji kizima kikipumua. Halafu akakumbuka kitu, na kumbukumbu ile haikumpa raha hata kidogo.

"Kasoro ipo," akasema.

Vendel alipiga makofi. "Eeh! Mmesikia?"

"Ngoja, sijamaliza. Ni ileile ya kiwandani kwetu. Mlango uleule, mahali palepale. Wiki iliyopita nilibandika utepe, msimamizi akaubandua. Akaniambia, mama, mteja hanunui gari ili alipapase. Likaenda."

"Kwa hiyo ni bovu."

"Kwa hiyo ni kama letu, Vendel. Wanatengeneza kama sisi. Hawatuzidi, hatuwazidi." Akafungua macho. "Lingekuwa bovu, leo ningelala usingizi."

Wengi wa waliosimama pale walikuwa na zamu kiwandani kesho yake.

"Sare!" Gejza akapiga kelele. "Mimi nasema sare."

"Sare hailazimishi mtu kupanda," akasema Vendel. Maneno ya mkewe yalikuwa yamemchoma, na Vendel akichomwa hutafuta pa kupiga kelele. Akajitupa ndani ya gari lake. "Limefanana na letu, sawa! Lakini lina sauti? Haya, liseme! Sikilizeni gari linavyosema!"

Akawasha, akapiga resi. Njiwa waliruka kutoka mnarani. Akapiga tena, kwa nguvu zaidi, kichwa kikiwa nje ya dirisha na tabasamu la bwana harusi. Mara ya tatu gari lilikohoa, likatetemeka kuanzia kichwani hadi mkiani, na ekzosi nzima ikaanguka kwenye mawe ya uwanja wa kanisa, kwa mlio uliofika mpaka kijiji cha pili.

Padre Metod, mtu wa taratibu, aliinyunyizia maji ya baraka. Ikafuka moshi.

"Imefariki katika neema," Gejza akasema, na hapo hakuna aliyeweza kujizuia. Walicheka mpaka wakashikana mabega. Slávka peke yake hakucheka. Alikuwa amejiziba mdomo, akimtazama baba yake akishuka, akiinama na suti ya Jumapili, akiligeuza bomba kwa ncha ya kiatu.

"Kiungio kimekatika," alisema Vendel kwa sauti ndogo, hakumwambia mtu. "Mkunjo wangu mzima. Tazama, mkunjo mzima."

Kisha akavua koti, akazungushia bomba, akalitia begani, akaanza kupanda kilima kwenda nyumbani kwa miguu.

"Panda, mama," akasema Slávka.

Otília akaingia. Alikaa ukingoni mwa kiti, sketi ameikusanya, asiguse chochote. Gari likamfuata Vendel mwendo wa mazishi, kimya, hata nyayo zake zilisikika. Akipunguza, linapunguza. Vendel alitazama mbele. Bomba lilikuwa refu na bado lina joto, na kilima cha Slivkovce hakijawahi kumhurumia mtu.

"Baba, ingia."

Vendel akalihamishia bomba bega la pili.

Otília akashusha kioo. Alimjua mwanamume huyu. Ukimwomba anakuwa ukuta. "Vendel."

"Natembea. Daktari kasema nitembee."

"Tembea tu, mume wangu. Lakini pete yangu unakwenda nayo wapi?"

Vendel akasimama. Gari likasimama. Pete ilikuwa kwenye mfuko wa koti, koti lilikuwa limezunguka bomba, na bomba lilikuwa begani. Ili apate pete ilibidi alitue. Akalitua. Akaanza kulifungua koti, jasho likimtiririka puani, na wakati anahangaika na mfuko, buti la gari la bluu likafunguka lenyewe nyuma yake, polepole, kama mdomo wa mtu anayetaka kusema na anaogopa.

Vendel akaliangalia. Akaangalia kilima. Akaangalia bomba lake.

"Hili litakuchafulia viti," akasema. Lilikuwa neno lake la kwanza kwa binti yake lisilo na mwiba tangu Pasaka.

"Viti vinafutika, baba."

Buti halikutosha. Bomba lilipitishwa ndani, likatokeza nje nyuma, na Vendel akakaa kiti cha nyuma akilikumbatia lisianguke, uso kaukunja, magoti yamegusa kidevu. Wakapanda kilima. Akina Gejza waliokuwa wakiwafuata kwa macho waliona gari la bluu likiyoyoma, na bomba la kutu limechomoza matakoni pake.

"Sasa ndiyo gari," alisema Vendel mle ndani. Baada ya kona: "Lina nafasi, lakini." Na baada ya kona nyingine: "Oti, huo mlango wenye kasoro ndio huu wangu?"

"Ndio huo."

Vendel akapitisha kiganja. "Sisikii kitu."

"Wewe tukifika nenda kanawe mikono," akasema Otília, akiivaa pete yake. "Supu ni ya watu watatu."