Watakesi ya Bibi

Juzi nilikuwa sokoni Kwa Mrombo natafuta ndizi za mtori, nikasikia binti mmoja ananadi: "Kesi, mama! Kesi mbichi ya leo!" Wageni wa mji waligeuka kumshangaa. Mimi nilicheka peke yangu kama mwehu, maana najua jina hilo lilitoka wapi. Lilitoka uani kwa bibi yangu. Kaa basi nikusimulie, sitakuchelewesha.

Enzi hizo za Mwingereza tulikaa juu kabisa kwenye mteremko wa Meru, migomba inapokaribia kuishia msituni. Baridi ya Julai ya kule, jamani, wewe uliyezaliwa mjini huijui. Ukungu unaingia mpaka jikoni, vidole vinakataa kushika kikombe cha uji. Nililelewa na Bibi, na Bibi alikuwa mtu wa kujaribu mambo. Akiona mmea mgeni hatulii mpaka aupande.

Siku moja alipeleka mayai kwa mke wa mlowezi bondeni, akarudi na vishina vya majani fulani vimefungwa kwenye kitambaa kilicholowa. Majani madogo ya mviringo, yanayoota majini. Yule mama wa kizungu alimtajia jina kwa Kiingereza, "watercress", na Bibi akalirudia njia nzima asilisahau. Lilipofika nyumbani lilikuwa "watakesi".

Majani hayo hupenda maji yanayotembea, lakini kupanda kitu ndani ya mfereji wa kijiji ilikuwa mwiko, kwa sababu mizizi ingewazibia maji watu wa chini. Basi Bibi akakata madebe ya mafuta ya taa, akayatoboa tundu ubavuni, akatia kokoto na udongo kidogo, akavichomeka vishina vyake. Kazi yangu ilikuwa kuchota maji ya mfereji asubuhi na jioni, kuyamimina taratibu ili yale ya zamani yatokee tunduni. Mwanzoni niliyaonea majani huruma, nikayaingiza jikoni karibu na moto. Yakawa manjano, yakalegea. Bibi akayarudisha nje kwenye ukungu. "Haya ni ya kizungu, mwanangu, yanafurahia baridi." Na kweli, kadiri sisi tulivyotetemeka, ndivyo yalivyonawiri. Ladha yake ilikuwa kali, ya kupanda puani, na Bibi aliyakaanga na kitunguu tukala na ndizi.

Sasa shida yenyewe. Mvua zilikuwa zimekoma, mfereji umepungua, kila nyumba ina zamu yake. Bibi alikuwa amepanda miche ya kahawa, ya kwanza kuwa yake mwenyewe tangu babu afariki. Ikikosa maji msimu ule, basi tena.

Jirani yetu wa chini alikuwa mama wa Kiarusha aliyeolewa kwetu. Yeye lugha yake Kimaa, Bibi Kimeru, wakakutana kwenye Kiswahili, ambacho wote wawili walichechemea nacho. Cha jirani kilikuwa cha kanisani, cha Biblia na nyimbo, kwa hiyo yeye hakusema "unataka", alisema "wataka". Lakini walipendana wale! Walipalilia pamoja, wakaombana moto na chumvi, na mmoja akiumwa mwenzake ndiye anayempikia.

Asubuhi moja jirani akanikuta nachota maji, na haikuwa zamu yetu. Akamwita Bibi. "Mama, maji haya wayapeleka wapi, na leo ni zamu yangu?"

Bibi, akiona ni ndoo moja tu, akaelekeza kidole kwenye madebe yake kwa furaha. "Watakesi!"

Lo! Mwenzake alisikia, "Wataka kesi?" Na siku hizo kesi haikuwa neno la mchezo. Mtu akiitwa bomani, ukoo mzima unakosa usingizi.

"Kesi? Mimi na wewe?"

"Ndiyo, watakesi! Nzuri sana! Na wewe nitakuletea!"

Jirani hakuaga. Alikwenda moja kwa moja kwa mzee wa mfereji, mgawaji wa zamu za maji, na jioni tukaambiwa tusichote maji mpaka wazee wakae. Bibi alilia. Aliililia kahawa yake, lakini zaidi alimlilia rafiki yake, aliyepita mlangoni bila salamu. "Nimemkosea nini?" aliniuliza. Miche ikaanza kuinamisha majani.

Wazee walikaa Jumapili, baada ya ibada. Mzee wa mfereji akamuuliza Bibi kwa nini alimtishia mwenzake kesi.

"Kesi gani? Mimi nilimwambia watakesi!"

"Mmemsikia?" jirani akaruka, machozi yakimlenga. "Amerudia mbele yenu!"

Hapo ndipo nilipoelewa. Nilitimua mbio nyumbani, nikarudi nimekumbatia debe, maji yananimwagikia tumboni. "Hii ndiyo watakesi," nikasema nikihema. "Ni mboga!"

Mzee wa mfereji akachuma kishina, akatafuna. Akakohoa, macho yakamjaa maji. "Kweli," akasema, "hii ni kesi."

Jirani ndiye aliyeanza kucheka. Alicheka mpaka akakaa chini, Bibi akamwangukia, wakashikana wakicheka na kulia. Jioni hiyo jirani mwenyewe alifungulia miche yetu maji ya zamu yake. Kahawa ile ilishika, na mteremko mzima ukaanza kuiita mboga ile kesi.

Leo mfereji umekauka, juu yake pana nyumba za matofali. Bibi na jirani yake wote wamekwenda, na ninawakumbuka mno. Mimi naishi mjini, mtaa wa Sakina, ambako jirani ni ukuta na geti. Lakini kutoka kwa yule binti wa sokoni nilichagua vishina vyenye mizizi, nikavichomeka kwenye ndoo ya plastiki iliyopasuka.

Jana kijana wa nyumba ya pili, ambaye tangu ahamie hatujavuka salamu, alichungulia juu ya ukuta.

"Shikamoo bibi. Unapanda nini hapo?"

"Marahaba. Watakesi."

Akashtuka. "Nani anataka kesi tena, bibi? Mimi nimefanya nini?"

Jamani, nilicheka mpaka nikashika ukuta. Kisha nikamwambia azunguke, geti liko wazi, aje aonje.