Nilikwenda na Funguo Tu

Nilikuwa nyapara katika kiwanda cha kuchambua pamba, upande wa Makueni, kwa miaka kumi na mmoja. Nyapara hana rafiki. Nilikula peke yangu ofisini na sikuona ubaya; nilidhani ndiyo heshima yenyewe.

Miaka ya tisini ilipoanza, bei ya pamba ikaanguka na tajiri akatoroka bila kuaga. Sote tukarudi makwetu. Mke wangu alikuwa ameshafariki, na kule nyumbani nilikuwa naongea na kuku. Sikutamani mshahara, nilitamani kelele za watu.

Ndipo nikasikia wafanyakazi wameamua kukifungua kiwanda wenyewe, kwa mwethya, vile tunavyolimiana mashamba: hakuna mkubwa, kila mtu aje na chombo chake, halafu wote wale chungu kimoja. Nilifurahi kama mtoto. Nikapiga shati pasi, nikachukua funguo za kiwanda, nikaenda.

Funguo tu! Mimi Mkamba mzima, niliyekulia katika mwethya, nilikwenda bila jembe, bila panga, bila hata ufagio. Wenzangu walikuwa na spana, makarai, ndoo. Katika mwethya wetu, anayekuja mikono mitupu ni mgeni, na mgeni hashiki kazi. Mama mmoja aliyekuwa akipima pamba, ambaye nilimkaripia mara nyingi zamani, akanivutia kiti.

"Kaa hapo, mzee. Wewe ni mgeni yetu. Chakula yako tutakuletea ofisi."

Hakuwa na kejeli. Laiti angekuwa nayo, ningemjibu.

Kesho yake nilibeba jembe, ungedhani naenda kulima mashine. Wakalipokea kwa mikono miwili, wakashukuru, wakampa mtu mwingine apalilie nalo uani. Sahani yangu ikaja ofisini, nyama juu ya mahindi na maharagwe. Nje walikuwa wakitaniana na kugombania kukwangua chungu. Niliwaonea wivu, nasema kweli.

Misimu miwili mashine zilinguruma, nami nikila ofisini. Kisha pamba ikakosekana kabisa, nao wakakubaliana kufunga. Siku ya mwisho walisimama duara, kila mmoja akasema neno lake, hadi mfagiaji. Nilingoja zamu yangu. Nilikuwa nimeyapanga maneno tangu asubuhi. Yule mama akaniangalia kwa heshima kubwa.

"Sasa tushukuru mgeni yetu. Atufungie na maombi, ndio aende mapema. Kwake ni mbali."

Nikafumba macho, nikaomba. Kwangu ni nusu saa kwa miguu, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kufika.