Asabi Bila Chokaa Usoni

Asabi alikuwa mchawi kwa kazi. Katika kundi letu la michezo ya jukwaani, lililozunguka miji ya Wayoruba kwa lori, hakuna aliyejua kumroga mke mwenza kama yeye. Mimi ndiye niliyempaka chokaa usoni, kwa hiyo ninayoyasema nayajua. Watu walimwamini kupita kiasi. Sokoni Ibadan, akipita, wanawake walifunika watoto wao.

Bintiye Olaitan akapata mchumba, fundi cherehani mpole. Bibi yake yule kijana, Mama Ajoke, akakataa katakata.

"Mjukuu wangu haoi kwa mchawi. Yule haigizi, yule anafanya mazoezi!"

Siku hizo televisheni ilikuwa ngeni mjini. Waliwaita waigizaji na waimbaji wakae kitini, waonekane walivyo, waulizwe hata wanakula nini. Asabi alipoitwa aliniambia, "Dada, leo usinipake kitu. Acha huyo bibi anione mimi."

Basi nikampeleka Mama Ajoke kwa jirani yetu mnunuzi wa kakao, mwenye chombo hicho. Alikuja kwa udadisi tu, akakaa karibu na mlango.

"Akinikazia macho, natoka."

Asabi akatokea, uso mtupu, na chale za mashavuni ambazo chokaa yangu ilizificha miaka yote.

"Kumbe ana uso wa mtu," mmoja akasema.

"Ulidhani ana nini, mkia?" nikamjibu.

Mtangazaji akauliza, "Mama, wewe ni nani hasa?"

Asabi kimya. Kwetu mtu hajitajii sifa za ukoo wake, mwingine humtajia. Tena alitoroka kwao akiwa msichana kufuata michezo, wakamkana, na hakuwahi kumwambia yeyote ametoka nyumba gani, hata Olaitan. Kimya kikazidi hata tukadhani chombo kimeharibika. Ndipo mzee mpiga ngoma wa kipindi alipoinama, akazitazama zile chale, ambazo kwetu humtaja mtu ukoo wake, akaibana ngoma kwapani. Ngoma yetu husema, na sote tuliisikia: mwana wa wafumaji wa Iseyin, wamvikao mgeni kabla ya kujivika wenyewe. Asabi akapiga magoti, akalia.

Mama Ajoke akainuka. Nilidhani anakimbia, kumbe anaiitikia ngoma kwa sauti, mstari kwa mstari.

"Hiyo ni nyumba ya baba yangu! Huyu ni mtoto wa kaka yangu, yule msichana aliyetoroka!"

"Basi si mchawi tena?" nikamuuliza.

"Mchawi gani, we mwanamke? Huyu ni mwanangu!"

Kisha akakaa polepole. Kwetu damu moja haioani, na hakuna aliyehitaji kulisema.

Olaitan alipoambiwa hakulia. Alimuuliza mama yake swali moja tu: "Kwa nini hukuniambia kwenu ni wapi?"

Juma lililofuata Mama Ajoke alikodi gari la kumrudisha Asabi kwao Iseyin. Nyuma walikaa wao wawili, wameshikana mikono, pamoja na fundi, ambaye sasa Olaitan alipaswa kumwita kaka. Olaitan naye alipanda, lakini alikaa mbele kwa dereva, na safari nzima hakugeuka nyuma.