Hati Tatu za Timazi

Wodi ile ya wazazi inatumika, bwana. Watoto wanazaliwa humo kila siku, na mkurugenzi wa halmashauri alishakata utepe akapigwa picha akichekelea. Aliyeijenga ndiye hajalipwa, na huu ni mwaka wa pili.

Mafundi wanamwita Timazi, maana ukuta wake haujawahi kupinda. Kila Jumatatu alivaa shati lake la maana akaenda halmashauri kwa mhasibu. "Kaka, fungu halijashuka," mhasibu alimwambia huku akimmiminia soda. "Njoo wiki ijayo." Naye Timazi anashukuru! Mtu amekukaba koo, wewe unamwambia asante. Huku nyuma hati ya nyumba yake iko benki, riba ya mkopo inapanda usiku na mchana, na mnada umeshatangazwa: zimebaki siku arobaini.

Mkewe, fundi cherehani anayeshonea barazani, ndiye aliyechoka kwanza. "Baba, nenda kwa wakili. Usipokwenda nakwenda mimi, na nikifika huko nitasema yote."

Wakili alikuwa mama wa makamo asiyepoteza maneno. Aliusoma mkataba hadi mwisho. "Hati ya kudai malipo ikipokelewa, wana siku ishirini na nane za kulipa. Zikipita, unawadai na riba. Kabla ya kushtaki tunawapa notisi ya siku tisini, kwa kuwa ni serikali. Haya, nipe nakala zenye muhuri wa kupokelewa."

Hati zote tatu Timazi alimkabidhi mhasibu mkono kwa mkono. Kudai muhuri aliona aibu, mtu asije akadhani haaminiwi.

"Yaani mliheshimiana," wakili akasema. "Na wao wakisema hawajaziona? Riba ya miaka miwili utaidai kwa kitu gani?"

Alitoka mle amejichukia kupita kiasi. Riba ile ndiyo ingeziba deni la benki. Deni la msingi, pesa ya kazi yenyewe, lingeishia kwa wenye saruji na mishahara ya vibarua, na nyumba ingekwenda vilevile.

Asubuhi iliyofuata alipeleka notisi ya wakili masjala ya halmashauri. Karani hajainua muhuri, mhasibu huyo, anashuka ngazi mbiombio.

"Kaka! Tumefika huku kweli? Pesa imepatikana. Twende juu."

Juu, karatasi ilikuwa tayari imepigwa chapa. Timazi aliisoma polepole, kama anavyosoma ramani ya jengo. Atalipwa deni la msingi wiki hii, hana dai lingine, na riba ameisamehe kwa hiari yake. Hiari!

"Saini hapo chini, mimi nimeshasaini," mhasibu akasema. "Ukikataa utasota miaka, na tenda za hapa uzisahau."

"Tenda?" Timazi akalipuka. "Hii moja imenilia nyumba, unanitisha na nyingine? Huna haya?"

Akataka kuichana. Vidole vilikuwa vimeshaishika pembeni alipouona mstari wa tatu: riba inayosamehewa ni ya hati tatu, *zilizopokelewa na ofisi hii* tarehe fulani, fulani na fulani. Tarehe zote za miaka miwili iliyopita, zenyewe hasa. Mtu alikuwa na pupa ya kusamehewa mpaka akaandika anachosamehewa, akatia saini na muhuri.

Timazi aliikunja karatasi bila kuisaini, akaitia mfuko wa shati. Mhasibu alimfuata mpaka masjala akisema hiyo ni mali ya ofisi, irudishwe. Timazi alisimama mbele ya karani mpaka notisi ikagongwa muhuri, akachukua nakala yake akaondoka.

Nyumbani mkewe alisimamisha cherehani akaisoma ile karatasi mara mbili.

"Kumbe walikuwa nazo," akasema. "Watoto wamerudishwa nyumbani kwa kukosa ada, mimi nimeuza kitanda, na walikuwa nazo tangu siku ya kwanza. Wakazinyamazia."

"Wakili alisema jana akipata ushahidi wa tarehe, anaweza kuomba mahakama izuie mnada."

"Anaweza, au atapata?"

"Hakuahidi."

Akainuka, nyuzi zimemganda kwenye gauni, akafuta machozi kwa kiganja kwa nguvu kama anayejipiga. "Vaa viatu," akasema. "Wakili hajafunga ofisi bado."