Kikohozi cha Mwalimu Mkuu

Tangu bodi ya shule ikate rufaa, mwalimu wa hesabu alikuwa akiamka usiku wa manane kama mwanafunzi wa mtihani. Bodi ilikuwa imemwachisha kazi kwa madai kwamba ni mwalimu wa ziada: wa hesabu wawili wanatosha, wa tatu wa nini? Mahakama ya chini ikasema aliachishwa kinyume cha utaratibu, arudishwe. Bodi ikamrudisha. Ikampa kiti katika chumba cha walimu, darasa haikumpa hata moja, kisha ikakimbilia mahakama ya rufaa. Wakili wake alimwonya asiguse kazi asiyopangiwa, maana bodi ilikuwa ikitafuta pa kumshikia.

Basi akakaa. Wenzake waliozoea kumwita dada mkubwa wakawa wanakunywa chai wamempa mgongo, utadhani ziada inaambukiza. Upande wa pili wa ukuta kidato cha pili walipiga kelele kutwa, maana wale walimu wawili walikuwa na madarasa mengi kuliko miguu.

Siku moja uzalendo ukamshinda. Akachukua kipande cha chaki, akaingia. Kelele zikakatika. Tangu hapo akawa anaingia kila mchana kama mwizi, mkono ubaoni, sikio dirishani. Na haukupita muda kikaanza: kikohozi cha mwalimu mkuu huko nje, kikavu, kirefu. Chaki ikamvunjikia mkononi. Alijua anakusanyiwa ushahidi. Kila alipokisikia alifuta ubao harakaharaka na kutokea mlango wa nyuma.

Mumewe, fundi umeme, alijaribu kumchekesha. "Mama watoto, mimi nikiambiwa waya una moto, siugusi. Wewe unaulamba."

Mume alicheka peke yake.

Siku ya rufaa wakili wa bodi aliongea kwa sauti tamu. Shule haina kazi ya kumpa mama huyu, akasema. Miezi yote hii amekaa tu, na wanafunzi hawajapungukiwa na kitu. Jaji wa katikati, mama mtu mzima ambaye miwani ilikuwa imemshuka puani, akauliza: kidato cha pili, nani anawafundisha hesabu?

Wakili akamgeukia mwalimu mkuu. Mwalimu mkuu akakohoa.

Kilekile. Mwili mzima wa mwalimu wa hesabu ukatafuta mlango wa nyuma. Kumbe ndiyo leo, akawaza, leo ndiyo anatoa ushahidi wake. Wakili wake alimshika mkono chini ya meza, lakini alikwisha kusimama.

"Mimi, mheshimiwa. Hakuna aliyenituma."

Jaji akamuuliza mwalimu mkuu kama ni kweli. Yule akatazama viatu vyake, akamtazama mwenyekiti wa bodi, akarudi kwenye viatu. Ni kweli, akasema, kwa sauti ya mtu anayekiri kosa.

"Kwa hiyo kazi ipo," jaji akasema, akaandika.

Majaji wakatoka kushauriana. Waliporudi, rufaa ikatupwa.

Kwenye korido mwalimu mkuu alimfuata, uso umemsawajika. "Dada, umenitia kiwewe. Muda wote huo nakukoholea utoke kabla mwenyekiti hajapita, na ulikuwa unatoka vizuri tu. Leo nakohoa, wewe unasimama!"

"Si ungeniambia?"

"Nikuambie kwa mdomo upi? Huyo mwenyekiti ndiye bosi wangu na mimi."

Wiki iliyofuata kidato cha pili wakawa wake kwa haki, mlango wazi. Alikuwa katikati ya mlinganyo aliposikia kikohozi dirishani. Mwalimu mkuu alikuwa na mafua, mafua ya kweli, anapita zake kwenda chooni. Lakini mkono ulikwisha kushika dasta.

"Mwalimu," msichana wa dawati la mbele akalalamika, "mbona unafuta? Hata hatujanakili."