Washindilia Upepo

Veneranda si mtu wa kugomba. Miaka kumi na tisa anaishi hapa Rågsved, pembeni mwa Stockholm, na majirani wanamjua kwa maandazi yake na kwa kusalimia hata mbwa wao. Lakini kuna utani mmoja huwezi kumfanyia: usipokee kitu mkononi mwake halafu ukakichungulia kuona kama kimejaa. Utamjua ni nani.

Ngoja nikwambie kwa nini. Kule kwao Kagera, enzi za Mjerumani, mji wao ulikuwa na boma na maafisa wa jeshi. Mwaka 1908 wawili kati yao waligombana kwa neno lililosemwa mezani, wala halikuwa neno la maana, na mila yao ikawataka wakamalizane uwanjani asubuhi, hatua kumi na tano, kila mmoja na bastola. Watu wazima hao! Kushindilia baruti na risasi ilikuwa kazi ya mashahidi wao, marafiki waliokuja kusimamia, ila mashahidi walikuwa bado na pombe kichwani, wakamsukumia boi wa boma, Egide, mtu mzima mwenye mke na watoto. Luteni mmoja akafyatua. Mwenzake akaanguka, akafa, na bastola yake haikulia. Mashahidi wakasema boi hakutia kitu. Egide akalambwa hamsa ishirini, viboko ishirini na tano mbele ya mkewe, na tangu siku hiyo ukoo wake ukaitwa Washindilia Upepo.

Egide huyo ndiye aliyemzaa babu yake Veneranda.

Na jina halikufa. Utotoni, Veneranda akitoka kisimani na ndoo, watoto wenzake waliinama kuchungulia: "Kuna maji humo, au upepo?" Baba yake, Mzee Deusdedit, fundi seremala, hajawahi kuaminiwa kushika hata msalaba wa maandamano kanisani. Sasa ana miaka themanini na sita, na jirani yake Damas, aliyezaliwa naye mwaka mmoja, akipewa chai pale kwake hukitikisa kikombe kwanza. Watu hucheka. Mzee naye hucheka, ila bintiye anakijua kicheko kile, na kinamuuma. Mara moja tu mzee alimwambia, "Kabla sijafa ningependa kusikia mtu akisema Egide alifanya kazi yake."

Basi, Veneranda kazi yake ni kufungasha vitu katika ghala la mnada huko Jordbro. Mwezi Machi likaletwa sanduku la bastola mbili za kale, zimeshauzwa, mnunuzi yuko ng'ambo. Nora, anayejaza fomu za safari, binti wa Wakenya aliyezaliwa hapa hapa, alisoma Kijerumani shuleni. Akaanza kusoma karatasi iliyobandikwa ndani ya kifuniko, na akataja jina la mji.

Veneranda akaweka mkasi chini. "Soma tena."

"Luteni aliuawa hapo, anti. Vitu vyake, pamoja na hizi bastola mbili walizotumia, vikatumwa kwa dada yake, alikuwa ameolewa Stockholm." Nora akasogeza kidole. "Halafu wanasema bastola yake ilikuwa tupu, sababu ya uzembe wa boi. Egide."

Veneranda akakaa juu ya boksi. Alipoinuka alikuwa na swali moja. "Nani alitazama ndani?"

"Ingen," Nora akajibu. Hakuna. Karatasi imesema tupu, kila aliyeirithi akaamini tupu, na fomu ya ghala nayo imeandikwa tupu. Gari lilikuwa linakuja saa nane mchana.

"Basi mimi sitii sahihi."

Bosi akaja, Mswidi mpole, akaeleza habari ya gari na ya mnunuzi. Veneranda akamsikiliza mpaka mwisho. Kisha akamwambia, kwa Kiswidi kilichonyooka, kwamba fomu inasema mfungashaji amehakikisha, yeye hajahakikisha. Na nchi hii, bila sahihi hata sindano haisafiri. Bosi akasema atamwita mtu mwingine asaini.

"Mwite," Veneranda akasema. "Naye nitamwambia hayo hayo."

Bosi akakuna kichwa. Mwanamke mbishi huyu, jamani! Mwisho akasema haya, pimeni.

Nora akaleta kijiti cha mishikaki kutoka jikoni. Unakitumbukiza mtutuni, unatia alama, halafu unakilaza kwa nje kuona kimefika wapi. Bastola ya kwanza, kijiti kilizama mpaka mwisho. Ya pili kikagota vidole viwili kabla. Akarudia. Kikagota pale pale.

"Oj!" bosi akasema, uso umempauka. Wote wakatolewa nje kwenye theluji, polisi wakaja, wataalamu wao wakaichukua ile bastola.

Wiki iliyofuata mtaalamu mmoja akampigia Veneranda simu. Baruti ilikuwemo, risasi ilikuwemo, na aliyeshindilia alijua kazi. Tena hakukuwa na dalili yoyote kwamba mwenyewe alijaribu kuifyatua. Veneranda akaelewa: yule luteni alikataa kumpiga mwenzake, na mashahidi, kuliko kukiri kwamba rafiki yao amemuua mtu asiyetaka kupigana, wakamtwika boi. Alilia, akafuta uso, akapiga simu nyumbani.

Mzee Deusdedit alisikiliza bila kukohoa. Kisha akasema, "Ngoja, mwanangu. Damas yuko hapa anakunywa chai. Naweka sauti kubwa. Rudia, na useme taratibu, maana sikio lake moja halisikii."

Veneranda akarudia, taratibu, neno kwa neno. Kikombe kikasikika kikiwekwa mezani.

"Shikamoo, Deusdedit," Damas akasema.

Mzee Deusdedit akaitikia.

"Marahaba."