Jitu la Kaka Yangu Chacha

Kuna siku moja sijaisahau hata sasa. Mvua ilikuwa inanyesha tangu asubuhi hapa kwetu Susuni na sote tulikuwa ndani. Bibi alikuwa anachambua maharage kwenye ungo. Tata, baba yangu, alikuwa amekaa tu, kwa sababu shamba halikuingilika. Kaka yangu Chacha alikuwa ameegemea ukuta na kompyuta mapajani. Halafu akaacha kubonyeza. Akaigeuza kompyuta ili sote tuone kioo chake, akauliza kwa sauti ndogo sana, "Nani ameshusha?"

Mwanangu, nakuita hivyo ingawa bado hujazaliwa, na mimi mwenyewe niko kidato cha tatu na sijawahi hata kumwangalia mvulana usoni. Usicheke. Bibi yangu huanza maneno yake yote ya maana kwa neno hilo, mwanangu, hata akiongea na ng'ombe. Mimi nina jambo nimelibeba na kuongea mbele za watu siwezi, kwa hiyo nakuambia wewe, taratibu, mpaka lieleweke.

Chacha alizaliwa na sikoseli. Mvua ikinyesha, au akichoka, au bila sababu yoyote, maumivu yanamshika kwenye mifupa mpaka anauma shuka. Hakuweza kuchunga, hakuweza kulima, shule alienda leo akakosa kesho. Binamu yetu Marwa, mtoto wa shangazi aliyeolewa Isebania, ng'ambo ya mpaka kule Kenya, alikuwa anatengeneza simu pale Sirari, na ndiye aliyemletea ile kompyuta ya mitumba yenye gemu ndani.

Nikueleze hilo gemu, maana bila hilo hutaelewa kitu. Ni nchi nzima iliyo ndani ya kioo. Ina milima, mapango, ngome, wachawi, na wewe ni mtu mwenye upanga unayetembea unakotaka. Hakuna anayekuambia pita huku. Lakini ndani yake kuna sehemu ya mipangilio, na huko unachagua ugumu: rahisi, wa kawaida, mgumu, na ule wa mwisho kabisa. Ukiweka rahisi, mbwa mwitu wanakung'ata kama wanakutekenya, na upanga wako unakata kila kitu kama ugali. Ukiweka ule wa mwisho, hata panya wa pangoni anaweza kukuua. Na unaweza kubadilisha katikati ya safari. Unaingia, unashusha, unatoka. Nchi ni ileile, ila imekuwa na huruma.

Chacha aliweka ule wa mwisho. Alikufa kila siku. Alikufa asubuhi kabla ya chai. Kulikuwa na daraja moja la mawe, na juu yake lilisimama jitu lenye rungu, na masika yote lilimpiga. Kila akilikaribia nilisikia sauti ya rungu, halafu Chacha anavuta pumzi, anaanza tena.

"Mura, si uweke rahisi tu?" Marwa alikuwa anamwambia. "Hii ni gemu, buda, sio mtihani wa serikali."

"Acha," Chacha anajibu.

Marwa hakujua sababu, au alijua akaidharau. Mimi niliijua. Mwaka uliotangulia, vijana wa rika lake walipoingia tohara, tata alimwamsha Chacha mapema kuliko kawaida, akamwambia wanaenda Tarime mjini kupima damu. Alikuja kujua akiwa ameshalazwa kitandani na nesi ameshika sindano ya ganzi. Daktari alikuwa amemshauri tata hivyo, na daktari alikuwa sahihi, mwili wa Chacha usingehimili kisu cha uwanjani kisicho na ganzi. Hilo sibishani nalo. Lakini wenzake walirudi nyumbani kwa nyimbo na filimbi na vumbi, wamefunikwa kanga, mama zao wanarukaruka mbele yao, na wakapita hapa mbele ya nyumba yetu. Chacha alikuwa amelala ndani akisikiliza. Baada ya hapo walianza kumwita Sindano. "Sindano, umeamka?" "Sindano, usikae juani utayeyuka." Alikuwa anatabasamu tu, tabasamu ambalo sitaki ulione kwa mtu yeyote unayempenda.

Basi siku aliyoliangusha lile jitu, mwanangu, alipiga kelele. Chacha! Sikuwahi kusikia akipiga kelele isipokuwa za maumivu. Bibi alitoka jikoni na mwiko mkononi akapiga vigelegele kabla hajajua kuna nini, na alipoambiwa kwamba jitu limekufa akasema, "Vizuri, lilikuwa linatusumbua," akaenda kukamata jogoo. Watoto wa jirani walijaa mlangoni. Hata Mwita alikuja, yule aliyekuwa wa kwanza kumwita Sindano. Alionyeshwa daraja tupu, akasoma mwenyewe jina la jitu lilivyoandikwa kwenye kioo, akatikisa kichwa. "Kwa ugumu ule wa mwisho?" akauliza. "Ule wa mwisho," Chacha akajibu. Mwita akampa mkono. "Kumbe wewe ni mura," akasema, yaani mwanamume kamili. Usiku ule Chacha alikula paja zima la jogoo na hakuumwa.

Sasa rudi nami kwenye ile siku ya mvua. Macho yalikuwa yanamuuma, akaingia kwenye mipangilio kupunguza mwanga wa kioo. Akaona. Ugumu ulikuwa umewekwa rahisi.

"Nani ameshusha?"

Marwa alikuwa amekuja kututembelea, amekaa kwenye kigoda anakunywa chai. Akaweka kikombe chini. "Ni mimi," akasema. "Ukiwa umelala. Aki nilikuona venye unaumia, halafu hilo lijitu nalo linakugonga tu kila siku. Nikasema wacha ashinde hata mara moja. Si nilikuwa nakusaidia?"

Chacha aliivuta kompyuta karibu. Alikuwa anaangalia kioo.

Tata akasema, kwa upole kabisa, "Chacha, usihuzunike. Ni mchezo tu."

"Na hospitali?" Chacha akauliza. "Ile nayo ilikuwa mchezo?"

Mvua ilisikika kwenye bati. Miezi yote ile hakuwa ametaja hospitali hata siku moja. Mimi niliangalia miguu yangu, ndiyo tabia yangu.

Bibi aliweka ungo pembeni. Akataka aelezwe ugumu ni nini, kushusha ni nini, na Marwa akamweleza, huku sauti yake inazidi kuwa ndogo kila anapoeleza. Bibi alisikiliza mpaka mwisho. Halafu hakuanza na Marwa, alianza na tata, mtoto wake mwenyewe aliyemzaa.

"Mwanangu," akasema, "baba yako alipokufa ulikuwa unanyonya. Palizi ilikuwa imefika. Niliamka siku moja nikakuta risaga nzima, kikundi chetu cha kulimiana, iko shambani kwangu. Majirani, shemeji zangu, wote na majembe, wanapalilia. Hakuna aliyeniambia. Walikuwa wananihurumia. Jua halijawa kali, wamemaliza. Nikawashukuru, nikawapikia, nikalia kwa furaha."

Aliokota harage lililoanguka.

"Kwa mama mmoja wa jirani palizi ilipofika, risaga ikaitwa. Mimi sikuitwa. Kwa shemeji, sikuitwa. Nikauliza, wakaniambia, wewe pumzika tu mama, una matatizo. Kila asubuhi nawasikia wanapita njiani wanataniana, majembe begani, mimi nimekaa na wewe mgongoni. Walinihurumia mpaka wakanitoa kwenye watu."

"Ukafanyaje, mama?" tata akauliza. Nadhani hakuwahi kuisikia habari hiyo.

"Nikachukua jembe nikaenda bila kuitwa. Shemeji yangu akaja kuninyang'anya. Nikamwambia, kama unaona siwezi, niulize mimi. Niulize, mdomo ninao. Nikichoka nitakaa mwenyewe." Akamgeukia Marwa. "Wewe ulikuwa na roho nzuri. Hao nao walikuwa na roho nzuri. Lakini umemchukulia kaka yako jitu lake, na jogoo wangu tumemla bure." Marwa alitaka kucheka akashindwa. Halafu bibi akamwambia tata, bila ukali, "Na wewe ulimpeleka kule kama mbuzi. Pengine alitakiwa kwenda. Lakini mtoto ana masikio."

Tata akainuka, akaenda akakaa mkekani karibu na Chacha, mtu mzima na magoti yake yale, akakaa chini.

"Ningekuuliza, ungekataa," akasema.

"Ningekataa," Chacha akasema. "Ungenieleza damu yangu ilivyo. Tungebishana. Ningekukasirikia wiki nzima. Halafu labda ningekubali, tata. Ningeenda kwa miguu yangu."

Tata akaitikia kwa kichwa. Sijawahi kumwona tata akilia na hata siku hiyo sikumwona, kwa sababu sikuinua macho.

Chacha alirudisha ugumu kule juu. Alirudi nyuma ndani ya gemu mpaka mahali ambapo jitu lilikuwa bado limesimama, akaenda kwa Mwita mwenyewe, akamwambia kwamba lile halikuwa lake. Mwita hakumcheka. Alianza kuja jioni, anakaa pembeni yake, anapiga kelele, "Kushoto! Kushoto, mura, wewe huoni?" Na kila siku rungu likatua.

Ningependa kukuambia alilishinda. Baridi ya mwezi wa sita ilikuja, na ile baridi haikumwacha. Vidole vyake vilivimba. Alilazwa, akarudi, akalazwa, akarudi. Mara ya mwisho aliporudi aliomba kompyuta, akaiangalia tu.

Tulikuwa wawili mchana ule. "Ghati," akaniita. "Ingia kule kwenye mipangilio. Shusha."

Niliogopa. Nikamuuliza, "Una uhakika?"

Akacheka, na kucheka kulimuuma. "Angalau wewe umeuliza. Ndiyo. Shusha mpaka chini kabisa. Nataka kuona ng'ambo ya daraja kuna nini."

Nikashusha. Yeye ndiye aliyeniambia bonyeza hapa, sasa hapa. Jitu lilianguka upesi kama mgomba. Hakupiga kelele safari hii. Tukavuka daraja. Ng'ambo kulikuwa na mbuga tu, majani marefu, wanyama wanakula hawamkimbii mtu, kama kule Natta tulikopita siku moja tukienda msibani. Hakukuwa na vita. "Nenda polepole," akasema. Nikawa namtembeza yule mtu mwenye upanga polepole. Nilimwangalia Chacha, nikaona amefumba macho, lakini alikuwa bado anasema, "Endelea, nasikia."

Alifia hospitali kabla hatujavuna.

Asubuhi ya kuchimba kaburi, tata hakumtuma mtu. Alitoka mwenyewe, akapita nyumba kwa nyumba, akaita vijana wa rika la Chacha mmoja mmoja kwa jina, kama rika linavyoitwa kwa mwenzao. Wakaja na majembe. Mwita alikuwa wa kwanza kushuka ndani ya shimo. Alikuja mzee mmoja wa ukoo akasema waacheni watu wazima wachimbe, nyie hamjazoea. Mwita akajibu kutoka chini, "Tukichoka tutasema, babu. Huyu ni wetu." Bibi alisikia. Aliinamisha kichwa, akajifunika kanga usoni.

Baada ya matanga Marwa alisimama mlangoni muda mrefu, anazungusha ufunguo wa pikipiki kidoleni. Halafu akaniuliza, "Ghati, hii kompyuta, nibebe ama niwache?" Ni swali dogo, lakini niliona alikuwa amelibeba tangu siku ya msiba. Nikamjibu, na nilijibu kwa sauti, "Iache." Ipo hapa. Yule mtu mwenye upanga bado amesimama kwenye yale majani. Ugumu uko pale pale Chacha alipoagiza, na mimi sijaugusa.

Sasa sikia, mwanangu. Utaona watu wanaumia, na kama una roho kama ya Marwa, mkono wako utataka kushusha. Kabla hujashusha, uliza. Uliza hata kama jibu unalijua, hata kama daktari ameshasema, hata kama mtu mwenyewe ni mtoto. Akikataa, kaa naye pembeni, mpigie kelele kushoto, kushoto. Na ukiwa wewe ndiye uliyechoka, sema mwenyewe shusha, usione haya, kwa sababu kaka yangu alilisema neno hilo na sijamwona mtu mwenye nguvu kama yeye siku ile.

Mimi watu wananijibia tangu nikiwa mdogo. Wanasema, huyu ana aibu, mwacheni, na wananiacha kweli. Kwa hiyo najua ninachokuombea. Mungu akuzungushie watu wanaouliza. Akupe muda wa kufikiri kabla hujajibu, na sauti ya kujibia. Na siku jitu lako litakaposimama darajani, liwe kubwa, liwe dogo, watu wako waliache liwe lako.